Pusha wa Dar ya mwaka 2035: siku yake itakwendaje? Mimi nasema kijiwe kinakufa

#1 Mchana Kweupe
Wakuu, salaam.

Naandika hadithi ndefu ya Dar es Salaam ya mwaka 2035 na mhusika mkuu ni pusha, yaani muuza dawa za kulevya. Si papa mwenye boti na majumba. Namtaka yule wa mwisho kabisa, anayekabidhi kete mkononi mwa teja. Hadithi nyingi za watu hawa nilizosoma ni chai tupu, kwa hiyo nimekuja kwa wanaoujua mtaa.

Dai langu: ikifika 2035 kijiwe kitakuwa kimekufa. Sensa ya 2022 ilitukuta Dar watu milioni 5.38, na makadirio ya Umoja wa Mataifa yanaliona jiji likielekea kuvuka milioni 10. Mji wa namna hiyo utajaa kamera. Nani atathubutu kusimama nyuma ya gereji na kete mfukoni?

Siku ya mtu wangu nimeipanga hivi. Anaamka saa nne asubuhi, chumba cha kupanga Chamazi. Ndani hana mzigo. Umefichwa usiku na mtu asiyemjua, yeye kaletewa picha na alama ya ramani kwenye simu. Oda zinaingia kwa programu, mnunuzi hajui sura yake, bodaboda anabeba bahasha bila kujua kilichomo, malipo ni sarafu za mtandaoni. Saa kumi jioni kamaliza, anaenda zake kucheza mpira. Hajawahi kumwona teja akitetemeka kwa arosto, yale mateso ya mwili ukikosa dawa. Hadithi yangu imesimama hapo: kijana anayeua watu asiowaona.

Niambieni wapi nimepatia na wapi nimepotea.

#2 Siti ya Mbele
Nimeshakaa. Wenye madini wateme.

#3 Nyundo77
Mleta mada umeharibu ulipompangisha chumba Chamazi. Pusha ni mtu wa hela. Mtaani kwetu Magomeni alikuwepo mmoja, rika langu, hata kidato cha pili hakumaliza, akashusha ghorofa na mama yake akampeleka Hija. Vijana wanaingia huko kwa sababu matunda wanayaona kwa macho. Ukimwandika fukara, msomaji atauliza huyu anauza unga ili iweje.

#4 Mrudi Nyumbani
Nimekula unga, yaani heroini, muda mrefu, ujana wangu wote umeishia humo. Sasa ni mtu wa kliniki, nakunywa methadoni, dawa ya kuzima arosto, kila asubuhi mbele ya nesi. Mniwie radhi nitaandika kirefu.

Mleta mada, teja hana simu. Simu ndiyo inayotangulia kuuzwa, kabla ya redio ya mama na sufuria za jikoni. Huyo wa kuagiza kwa programu aletewe bahasha mlangoni ni mtoto wa kishua anayetafuta kokeini ya wikiendi. Wapo, lakini si hao wanaoshibisha soko la unga.

Halafu hiyo arosto uliyoitaja kwa neno moja ndiyo inayopanga ratiba ya pusha, si saa yake ya ukutani. Unga haukai mwilini. Yakipita masaa sita au manane, mwili unaanza kudai: macho yanachuruzika, makamasi, mifupa inauma, tumbo linakata. Kwa hiyo mtu ananunua asubuhi, ananunua mchana, ananunua jioni, na mara zote hela imepungua kidogo. Kijiwe kinaishi kwa hilo. Pusha wa kijiweni anakujua, anakukopesha, anakukatia nusu, anabaki na viatu vyako mpaka urudi na hela. Programu gani itakuwekea viatu?

Na yeye mwenyewe huyo wa mwisho ni teja. Mimi niliuza. Nilipewa kete kwa hesabu, nikirudisha hesabu ya bosi kamili napata zangu za kula. Noti sikuzishika zikalala. Siku yangu ilianza alfajiri, maana wateja wa kwanza ni walioamka na arosto, na ukichelewa wanahamia kijiwe kingine. Askari nilikuwa nawaona kwa mbali, hao hawakunisumbua sana kichwa. Kilichonitesa ni kukaa na mzigo wa mtu mfukoni huku mwili wangu unaudai. Wengi niliouza nao walikula mzigo wa bosi. Baadhi yao sijawaona tena na siulizi.

#5 Nyundo77
Mrudi Nyumbani, hongera kwa kutoka, Mungu akushike hapo hapo. Ila anayelipwa kete huyo ni kibarua wa pusha. Pusha ni aliyekupa.

#6 Mrudi Nyumbani
Soma #1 tena mkuu. Kasema wa mwisho, anayekabidhi mkononi. Aliyenipa mimi hakuwahi kufika kijiweni.

#7 Kitabu Wazi
Hili la Nyundo77 na Mrudi Nyumbani lina utafiti wake maarufu. Mwaka 2000 mchumi Steven Levitt na mwanasosholojia Sudhir Venkatesh walichapisha hesabu za genge moja la wauza krak (kokeini ya kuvuta) Chicago, hesabu za vitabu vya genge lenyewe. Vijana wa chini, waliosimama barabarani, walipata kama dola 3.30 kwa saa, chini ya kima cha chini cha mshahara wa Marekani. Wengine walikuwa na vibarua halali pembeni ili wale. Kiongozi wao alikuwa akiingiza maelfu kila mwezi. Na kuuawa waliuawa wale wa chini.

Kwa nini walibaki? Kwa sababu kila mmoja alikuwa anamwangalia kiongozi na kuamini zamu yake itafika. Yule wa Magomeni mwenye ghorofa ndiye anayewaajiri wengine wote bure, kwa kuonekana tu.

#8 Nyundo77
Umeniunga mkono bila kujua. Nimesema matunda yanaonekana.

#9 Kitabu Wazi
Yanaonekana juu ya mti wa mtu mmoja. Uliyemtaja yuko wapi leo?

#10 Nyundo77
Alikamatwa. Ghorofa ipo.

#11 Fundi wa Seva
Mimi namuunga mkono mleta mada, na wala haina haja ya kungoja 2035. Nilisoma Kazan, Urusi. Kule mfumo wa #1 ulikuwepo tukiwa wanafunzi. Soko lao kubwa la mtandaoni liliitwa Hydra. Ulikuwa unalipa kwa bitcoin, unaletewa picha na alama ya ramani, unaenda kuchukua mwenyewe. Muuzaji na mnunuzi hawaonani kabisa. Aliyeficha ni kijana mwingine, kaajiriwa kwa tangazo, kazi yake kuzunguka usiku akibandika vifurushi kwa sumaku nyuma ya mabomba, kwenye mizizi ya miti, chini ya madirisha. Asubuhi unawaona watu wanafukuafukua theluji bustanini, unajua wanatafuta nini.

Tarehe 5 Aprili 2022 polisi wa Ujerumani walizikamata seva zake pamoja na bitcoin zenye thamani ya euro milioni 23 hivi. Soko likakatika siku moja, kisha yakazuka mengine kugombea nafasi. Kijiwe huwezi kukifunga kwa kuzima seva, hilo nakubali. Lakini biashara ilishatoka kwenye mkono kwa mkono.

Ila mleta mada, kitu kimoja kwenye hadithi yako hakikai. Huyo kijana hamalizi saa kumi akaenda mpirani. Wale wafichaji waliishi kwa woga mbaya sana. Polisi wa kule walikuwa wanamsimamisha kijana yeyote anayetembea ameinamia simu, wanataka kuona picha zake. Kifungu cha 228 cha sheria yao ya jinai kimejaza magereza, na waliojaa ni hao hao wa kuficha. Wenye seva walikuwa mbali.

#12 Siti ya Mbele
Uzi umeanza kunoga. Fundi, theluji tunaitoa wapi Mbagala?

#13 Fundi wa Seva
Mchanga upo.

#14 Wakili wa Kata
Wakuu, mnaiona simu kama kificho, mimi mahakamani naiona kama shahidi. Laini zote hapa zilisajiliwa upya kwa alama za vidole kuanzia 2019, na zisizosajiliwa zikaanza kuzimwa Januari 2020. Pesa ya simu inaacha jina, saa na kiasi. Na hata wenye simu za siri hawakupona: mwaka 2020 polisi wa Ufaransa na Uholanzi waliingia ndani ya mfumo wa EncroChat, wakawa wanasoma meseji za wahalifu wa Ulaya nzima moja kwa moja. Mwaka uliofuata ikawa zamu ya Sky ECC, mfumo mwingine kama huo.

Kwa hiyo pusha wa 2035 mwenye akili ataikimbia simu arudi mkononi. Mdomo na noti. Hapo nakaa upande wa Mrudi Nyumbani, kwa sababu yangu tofauti na yake.

#15 Nyundo77
Wakili, hiyo Tume ya Dawa za Kulevya yenyewe haijawahi kumgusa mkubwa. Kila siku dagaa, papa wanaogelea.

#16 Wakili wa Kata
Tume ilikwisha mkuu. Sheria Namba 5 ya 2015 ilileta Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya, ikaanza kazi 2017, na hiyo inakamata na kupeleleza yenyewe. Desemba 2023 walitangaza kukamata kilo 3,182 za heroini na methamfetamini, Dar na Iringa. Huo si mzigo wa dagaa. Kama waliokuwa nyuma yake wote waliguswa, hilo ni swali jingine na nakuachia.

#17 Mvita Kongowea
Hamjambo ndugu zetu wa bara na pwani ya huko. Nawasoma nikiwa Mombasa. Mnabishana juu ya kijiwe na simu, lakini mbona hakuna anayeuliza atakuwa anauza nini huyo mtu wenu?

Sisi tumeona. Mwisho wa 2010 kuingia 2011 unga ulikauka Mombasa. Mateja walianguka barabarani kwa arosto, hospitali zikajaa. Je, wauzaji walifunga duka? Wapi! Walileta bugizi na vidonge vingine, wakauza kwa watu wale wale pale pale maskani. Pusha hauzi heroini, anauza kilichopo.

Sasa tazameni huko unga unakotoka, Afghanistan. Aprili 2022 Taliban walipiga marufuku kilimo cha mpopi, mmea unaotoa heroini, na mwaka 2023 shirika la Umoja wa Mataifa la dawa na uhalifu likahesabu mashamba yameshuka kwa asilimia 95. Majahazi yaliyokuwa yakishuka kutoka pwani ya Makran, kule Iran na Pakistani, yalijaa heroini. Manowari ya Australia, HMAS Darwin, ilikamata kilo 1,032 kwa mpigo nje ya pwani yetu, Aprili 2014. Siku hizi majahazi hayo yanabeba methamfetamini pia, kama alivyotaja Wakili. Mpaka 2035 huenda jahazi lisihitajike kabisa. Kitu kitapikwa maabara, kifike ndani ya barua.

Na mapapa wanaguswa wakati mwingine. Baktash Akasha alikuwa hapa hapa Nyali, watu wakidhani hana wa kumgusa. Alipelekwa Marekani Januari 2017, akafungwa miaka 25 mwaka 2019. Mimi naishi hapa, na unga haukuisha.

#18 Dada Nesi
Mvita kagusa kinachoninyima usingizi. Niko kwenye huduma hizi, sitasema kituo gani.

Heroini tunaijua. Mtu akizidisha tunajua anavyopumua, tunajua dozi ya naloksoni ya kumrudisha. Hofu yangu ya 2035 ni nitazini. Ni dawa za kutengenezwa maabara, za jamii ya afyuni, na baadhi yake zina nguvu kuliko fentanili, ambayo yenyewe ni kali kuliko heroini. Kiasi cha kuua hakijazi ncha ya kucha. Afrika zimeshafika: kule Sierra Leone, kwenye ile dawa ya kuvuta wanayoiita kush, vipimo vimezikuta. Aprili 2024 Rais Julius Maada Bio alitangaza hali ya dharura ya kitaifa kwa sababu ya kush. Vijana walikuwa wanaokotwa barabarani miguu imevimba na vidonda.

Mleta mada, pusha wa hadithi yako hatajua anachouza. Wa leo anajua mzigo umechanganywa kiasi gani, kwa sababu wateja wake wanamwambia na yeye mwenyewe anaula. Akipokea poda iliyotoka maabara ya nchi nyingine, ameikoroga mtu asiye na mizani ya maana, kete moja haina kitu na ya pili inaua. Kama anaula mwenyewe, kama Mrudi Nyumbani alivyosema, anaweza akawa wa kwanza kufa. Sioni kijana wa saa kumi mpirani hapo.

Na mmemsahau mshindani wake mkubwa, ambaye ni serikali. Methadoni ilianza Muhimbili Februari 2011, ikaenda Mwananyamala, Temeke, Itega kule Dodoma, Mbeya, Mwanza na kwingine. Ni bure. Dozi moja inamshika mtu siku nzima, arosto haiji. Pusha gani anashindana na bure?

#19 Siti ya Mbele
Nesi umenifanya niweke chai chini.

#20 Mrudi Nyumbani
Dada Nesi, nyinyi mmenirudisha duniani na nitawaombea mpaka kufa. Lakini pusha anashindana na bure, na anapata watu. Kliniki ni kila siku, asubuhi, na lazima uende mwenyewe. Nauli ya kwenda na kurudi kila siku kwa mtu asiye na kazi si kitu kidogo. Ukikosa siku kadhaa dozi inaanza kupandishwa upya kutoka chini. Na pusha anajua njia unayopita. Kuna wanaosimama kwenye njia hiyo hiyo, wanakusalimia kwa jina, "leo chukua tu, utalipa siku ukipata." Methadoni inazima arosto, haizimi upweke. Ukishakunywa saa mbili asubuhi, siku yote iliyobaki unaipeleka wapi, na watu wote unaowajua wako maskani?

#21 Binti Kwarara
Hilo la kukopeshwa njiani limenichoma. Kakaangu alikaa soba hausi, nyumba ya kuachia dawa, hapa Unguja, akatoka mzima, kanenepa, anaswali. Alivyorudi mtaani, jioni yake mtu akagonga mlango na kete mkononi, zawadi. Hakudai hata senti. Mama alimfukuza kwa ufagio lakini kakaangu alishamwona. Alirudi kule, akatoka tena, sasa tumemhamishia shamba kwa mjomba.

Ndiyo maana nasema nyote mnazungumza biashara tu. Yule mtu hakuja kuuza. Alikuja kumrudisha mwenzake. Pusha wa maskani anataka watu wake, ni ukoo wake ule.

Na Wakili, sheria uliyoitaja ni ya huko kwenu bara. Zanzibar tuna sheria yetu na Mamlaka yetu, tangu 2021.

#22 Wakili wa Kata
Sahihi dada. Nilizungumzia Tanzania Bara.

#23 Nyundo77
Binti Kwarara, pole kwa kakaako. Ila "ukoo" tena? Kampa ya bure leo ili anunue kesho. Ni mtego wa kawaida wa biashara.

#24 Binti Kwarara
Ungemwona alivyokuwa analia pale mlangoni usingesema.

#25 Mama Wawili
Sijawahi kuandika humu, nasoma tu. Nimeolewa na mtu wa kazi hiyo, tukaachana. Mnataka siku yake ilivyo, nitawaambia ya ndani.

Usiku hakuna usingizi. Mlango unagongwa saa nane, saa tisa. Watoto walizoea mpaka wakawa hawaamki. Kulikuwa na hela kuna siku, na hela hiyo haiwezi kwenda benki, haiwezi kununua kiwanja kwa jina lake, haiwezi kukaa mahali pamoja. Iliwekwa kwenye unga wa sembe, kwenye godoro, kwa shangazi yake. Nusu iliibiwa na watu ambao hatukuweza kuwashtaki, tungeanzia wapi? Iliyobaki iliishia kwa watu wa kunyamazishwa. Majirani walinisalimia vizuri sana na hawakuniita kwenye shughuli zao. Sikualikwa arusi hata moja mtaa ule.

Alikuwa hali unga. Alikuwa mtu msafi, mkimya, anapenda watoto wake kwa kweli. Jirani yetu, mama mmoja aliyekuwa akinisukia mkeka, mtoto wake wa kiume alifariki kwa unga. Mume wangu alikwenda kuzika. Alibeba jeneza. Aliporudi hakula siku ile wala iliyofuata, na siku ya tatu alifungua kazi. Nilijua ndoa imekwisha.

Kwa hiyo Mchana Kweupe, huyo wako asiyewaona anaowaua, sijui. Wangu aliwaona wote, na aliendelea.

#26 Dada Nesi
Mama Wawili, asante dada. Watoto wako salama?

#27 Mama Wawili
Salama. Wa kwanza yuko chuo.

#28 Boda Tabata Shule
Wakuu, mimi nimesoma #1 hapo kwenye "bodaboda anabeba bahasha bila kujua" nikashtuka, maana ni mimi huyo, tena leo, sihitaji kungoja 2035.

Kuna dada alikuwa ananiita mara kwa mara, bahasha ndogo, eti pochi na hereni za mtandaoni, anauza. Nauli nzuri, hapunguzi. Siku moja napeleka Mikocheni, mpokeaji akaifungua mbele yangu kwa pupa, nikaona. Nikarudi nyumbani nikazima simu. Kila nikiwaza zile safari zote nilizopita mbele ya trafiki nikiwa na bahasha kifuani, jasho linanitoka. Anayekamatwa na mzigo ni mimi. Yule dada namba yake haikupatikana tena.

Swali kwa Wakili: mtu kama mimi nikidakwa, sheria inanionaje?

#29 Jogoo wa Lewisham
Niko London, kusini. Fundi kaeleza Urusi, mimi niwaeleze ya hapa, maana ndiyo itakayokuja kwenu kabla ya droni na sarafu za mtandaoni.

Hapa wanaita "laini". Genge la mjini lina namba moja ya simu ya kawaida, ya batani, wateja wa mji mdogo huko mbali wanaijua. Namba hiyo ndiyo duka lenyewe, inauzwa na kurithiwa. Anayebeba mzigo ni mtoto. Miaka 14, 15, 16, anapandishwa treni asubuhi badala ya shule. Akifika wanamweka kwenye nyumba ya mtu dhaifu, mgonjwa wa akili au teja anayeishi peke yake, wanaiteka nyumba. Mtoto anakaa humo siku kadhaa na kisu kitandani. Baadaye "anaporwa" njiani, kumbe walioagiza aporwe ni wakubwa zake, ili awe na deni asiweze kuacha. Sheria ya hapa ya utumwa wa kisasa, ya 2015, imetumika kuwafunga waliowatumia watoto hivyo.

Kuna mtoto wa Kiswahili hapa mtaani, mama yake mtu wa Tanga, alipotea hivyo akaokotwa pwani ya kusini. Alikuwa mtoto wa madrasa. Sisi watu wazima wa hapa tulikuwa tunamwona na viatu vipya na tukanyamaza.

Ninyi mna reli ya kisasa toka 2024, Dar mpaka Dodoma. Muwaangalie watoto wanaosafiri peke yao.

#30 Fundi wa Seva
Jogoo, stesheni za SGR mizigo inapita kwenye mashine ya ukaguzi. Mabasi ndiyo mlango wazi.

#31 Mvita Kongowea
Hata SGR yetu ya Mombasa kwenda Nairobi ina mashine na mbwa, tangu 2017. Bado vitu vinafika Nairobi. Nakubaliana nawe juu ya mabasi.

#32 Mchana Kweupe
Nimesoma yote, mengine mara mbili. Asanteni, hasa Mama Wawili na Mrudi Nyumbani.

Lakini sijaliachia dai langu lote. Mnanionesha teja wa leo, aliyezoea kijiwe. Mtoto aliyezaliwa 2015 atakuwa na miaka 20 mwaka huo. Huyo hajui maskani, anajua simu. Pusha wake atamfikia wapi kama si mle mle anamoishi? Kijiwe cha Mrudi Nyumbani kitazeeka na watu wake. Pengine Dar ya 2035 itakuwa na mapusha wawili wasiojuana: mmoja wa alfajiri na mmoja wa bahasha.

Mrudi Nyumbani, naomba nikuulize. Ramadhani kijiweni inakuwaje?

#33 Mrudi Nyumbani
Inahamia usiku. Wapo wanaojaribu kufunga, na wengine wanautumia mwezi kama mlango wa kuacha, nimewaona waliofanikiwa. Mchana panakuwa kimya, baada ya futari panajaa. Bosi wangu alikuwa anafunga na kuswali tarawehe, na mzigo unatoka.

Kuhusu mapusha wawili: huyo wa bahasha akishamzoesha mtoto wa simu, mtoto atauza simu. Mwaka hauishi, atakuwa kwangu kijiweni. Utawaona wanajuana vizuri sana.

#34 Kitabu Wazi
Hii ya #33 inabomoa #32, mleta mada ijibu.

#35 Dada Nesi
Na mimi naongeza: kama ni nitazini, huyo mtoto hafiki kijiweni. Hapati huo mwaka.

#36 Nyundo77
Nesi kila ukipita hapa mtu anakufa. Wekeni na matumaini kidogo.

#37 Dada Nesi
Naloksoni ikiwa mkononi mwa mama, dada na rafiki, mtu hafi. Tatizo leo iko hospitali na anayezidisha yuko chumbani. Nipe hilo kwenye hadithi ya 2035, kila duka la dawa liwe nayo na kila mama wa mtaa ajue kuitumia, nami nitafurahi.

#38 Wakili wa Kata
Boda Tabata Shule, nimechelewa, nilikuwa kazini.

Kwa kifupi, upande wa mashtaka wanatakiwa waoneshe ulijua, au mazingira yaoneshe huwezi kuwa hukujua. Nauli kubwa isiyo ya kawaida, safari za kujirudia kwa mtu mmoja, usiku, hayo yote yanaweza kusomwa dhidi yako. Mzigo ukiwa mkubwa dhamana hakuna, unasubiri kesi ukiwa mahabusu, na adhabu inaweza kufika kifungo cha maisha. Unaweza kushinda kesi na ukawa umepoteza miaka.

Ushauri: bahasha iliyofungwa usibebe bila jina kamili na kitambulisho cha anayetuma, piga picha kitambulisho na kifurushi, pokea kwa namba iliyosajiliwa. Akikataa, mwache. Na hizo safari za nyuma usizielezee mitandaoni, tafuta wakili uso kwa uso.

#39 Boda Tabata Shule
Asante mkuu. Nimejaribu hiyo ya kitambulisho. Wateja wa kawaida kabisa, wanaotuma chakula na nguo, wanakasirika wanaita boda mwingine. Kijiwe chetu cha boda tuko kama arobaini, nikidai kitambulisho peke yangu silali na hela. Labda tukubaliane wote, na bosi wa kijiwe hataki kusikia.

#40 Jogoo wa Lewisham
Hataki kwa sababu gani? Mwulizeni yeye nauli nzuri anazipata wapi.